Huna Ada ya Mahakama? Namna ya Kufungua Kesi Ukiwa Lamu

Mwongozo huu ni wa mtu mwenye dai la kweli na mfuko mtupu. Fundi wa Matondoni aliyeunda mashua akanyimwa ujira wake. Mjane wa Siyu anayezungushwa juu ya fungu lake katika shamba la minazi la marehemu. Mkulima wa Hindi aliyekuta mtu amechimbia mawe ya mpaka katikati ya mahindi yake. Watu kama hawa hufika hadi mlango wa mahakama, wakasikia kuna ada ya kulipa, wakageuka kurudi makwao bila kuuliza neno la pili. Neno hilo la pili ndilo lenye faida. Sheria ya Kenya imemwekea asiye na pesa njia kadhaa, ila zote zinamtaka aombe mwenyewe, aombe mapema, na aeleze hali yake kwa maandishi. Umaskini usioandikwa, mahakamani hauonekani.

Msingi wa yote ni Ibara ya 48 ya Katiba ya 2010. Inaitaka Serikali ihakikishe kila mtu anaifikia haki, na kama kuna ada yoyote, iwe ya kadiri na isimzuie mtu kupata haki. Ishike namba hiyo kichwani. Hakuna haja ya kumpandishia karani sauti. Mwambie kwa adabu: "Samahani bwana, sina uwezo wa kulipa ada hii. Naomba unionyeshe utaratibu wa kuomba nisamehewe." Yeye hana mamlaka ya kukusamehe, lakini ombi lako litapitia mezani kwake, na ukianza naye vizuri safari yote huwa nyepesi.

Hatua ya kwanza: andika gharama zote, si ada peke yake

Watu wengi huogopa ada ya kufungua kesi, na mara nyingi hiyo ndiyo ndogo kuliko zote. Chukua karatasi uandike: ada ya mahakama, kuchapa na kutoa nakala, kula kiapo, kumfikishia mwenzako samansi, nauli yako na ya mashahidi wako, wakili, ukimtaka, na mwisho, gharama za mpinzani wako ukishindwa.

Nauli iangalie kwa makini. Anayetoka Kizingitini, Faza au Kiunga analipa boti hadi Amu, yaani mji wa Lamu, na boti ya kurudi huenda asiipate siku hiyo hiyo. Kesi ikiwa ya Mahakama ya Mazingira na Ardhi kule Malindi, anavuka hadi Mokowe, anapanda basi kupitia Witu na Garsen, na pengine analala. Kesi ikiahirishwa mara tatu, nauli imeshaipita ada. Kwa hiyo kabla ya kuomba kusamehewa ada, jiulize pia utafikaje huko mara zote utakazoitwa. Nitalirudia jambo hili mbele, kwa maana lina dawa.

Hilo la mwisho, gharama za mpinzani, ndilo watu hawaambiwi. Kifungu cha 27 cha Sheria ya Taratibu za Kesi za Madai kinampa hakimu uamuzi juu ya gharama, na kawaida yake ni kwamba aliyeshindwa humlipa aliyeshinda. Mtu mwenye dai dhaifu anaweza kusamehewa ada leo, kisha baada ya miaka miwili akadaiwa pesa za wakili wa mwenzake. Ndiyo maana nasema dai liwe la kweli na liwe na ushahidi. Kama huna karatasi, huna shahidi, wala huna ujumbe wowote wa simu, utafute ushahidi kwanza kabla ya kuitafuta mahakama.

Hatua ya pili: angalia kama kuna mlango usio na ada

Kuna mambo ambayo hayana haja ya kuanzia mahakamani hata kidogo.

Umefukuzwa kazi hotelini au kwenye boti ya watalii bila haki yako? Anza kwa afisa wa leba. Sheria ya Ajira ya 2007 inampa aliyefukuzwa miezi mitatu kupeleka malalamiko kwake. Usikae ukingojea huruma ya mwajiri mpaka miezi hiyo ipite.

Baba wa mtoto hatoi matumizi? Nenda kwa afisa wa watoto wa serikali. Atawaita wazazi wote wawili, na mkikubaliana mtaandikiana mkataba wa malezi. Wengi humaliza hapo. Mkataba huo uhifadhi, kwa sababu akiuvunja utakufaa mahakamani.

Umepigwa, umeibiwa, umetishwa? Hiyo ni kesi ya jinai, na mwenye kuishtaki ni Serikali. Wewe ni mlalamishi na shahidi, hulipi ada ya kesi. Ukiwa wewe ndiye uliyeshtakiwa, Ibara ya 50 inakupa haki ya kuwekewa wakili kwa gharama ya Serikali pale ambapo bila wakili utaonewa vikubwa, na haki ya mkalimani bila malipo kama hufahamu lugha ya mahakama. Mwambie hakimu siku ya kwanza unayosimama mbele yake, asiye na wakili asikae kimya. Na pesa ya dhamana ni ya kurudishwa kesi ikiisha ukiwa umehudhuria mpaka mwisho, basi usitoe shilingi bila risiti.

Mirathi, ndoa na talaka baina ya Waislamu huenda kwa Kadhi. Ibara ya 170 inataka pande zote ziwe za Waislamu na zikubali kuhukumiwa na mahakama hiyo. Kwa mjane wetu wa Siyu huu ndio mlango wa karibu: lugha anaifahamu, anaweza kusimama mwenyewe bila wakili, na mambo ya mafungu yanajulikana vizuri pale. Abebe cheti cha kifo, majina ya warithi wote, na orodha ya mali ya marehemu pamoja na madeni yake. Ada ipo hata kwa Kadhi, na asiye nayo anaomba kusamehewa huko pia.

Hatua ya tatu: kama ni pesa, fikiria Mahakama ya Madai Madogo

Sheria ya Mahakama ya Madai Madogo ilipitishwa mwaka 2016, na tangu marekebisho ya 2020 inapokea madai yasiyozidi shilingi milioni moja. Inasikiliza mikataba ya kuuza bidhaa au kufanya kazi, pesa ulizoshikiwa na mtu, uharibifu wa mali, na fidia ya kuumizwa mwilini. Haigusi umiliki wa ardhi, kashfa, wala mambo ya ajira. Unajieleza mwenyewe kwa Kiswahili, sheria kali za ushahidi zimelegezwa, na hukumu yatakiwa itoke ndani ya siku 60 tangu kufungua. Ukishindwa kufika kwa ugonjwa au uzee, unaweza kumwidhinisha mtu anayelijua jambo lako akusimamie.

Fundi wa Matondoni anayedai shilingi 180,000 za mashua, mahali pake ni hapa. Aulize katika mahakama iliyo karibu naye kituo gani kinapokea madai hayo. Penye hakimu wa kawaida tu, dai kama hilo husikilizwa na hakimu. Nimemtaja fundi kwa sababu nyingine pia: msaada wa kisheria wa serikali, ambao nitaueleza, haushughulikii kesi za kudai madeni. Akikaa akiungojea huo, atangoja bure.

Kwa ardhi, hakimu naye anaweza kusikiliza, mradi awe ameteuliwa kwa kazi hiyo na thamani isipite kiwango chake. Kiwango cha chini, cha hakimu mkaazi, ni shilingi milioni 5, na cha juu, cha hakimu mkuu, ni milioni 20. Kwa hiyo kabla hujapanda basi la Malindi, uliza Amu kama shamba lako linaweza kusikilizwa papo hapo.

Njia ya haki za kikatiba ni tofauti na hizi zote. Ukidai kwamba haki yako iliyomo kwenye Sura ya Haki imevunjwa, Ibara ya 22 inasema hakuna ada ya kuanzisha kesi hiyo, na kwamba mahakama ikibidi ipokee hata karatasi isiyo rasmi. Kanuni zilizotolewa mwaka 2013 zinakubali barua, na zinakubali hata maneno ya mdomo yakaandikwa na mahakama. Katika mambo ya mazingira, Ibara ya 70 haikutaki uthibitishe kwamba wewe binafsi umepata hasara. Lamu tunaifahamu njia hii. Wavuvi walifungua kesi mwaka 2012 juu ya bandari mpya, na mwaka 2018 Mahakama Kuu ikaamuru walipwe fidia ya shilingi bilioni 1.76. Mwaka 2019 Baraza la Kitaifa la Mazingira likafuta leseni ya mtambo wa makaa ya mawe uliokuwa ujengwe Kwasasi, kwa sababu wananchi hawakushirikishwa ipasavyo. Hizo hazikuwa kesi za matajiri. Watu walijiunga wakawa kitu kimoja, wakagawana mzigo wa mikutano, safari na ushahidi. Jambo likiwagusa wengi, msiende mmoja mmoja. Ila kwa Baraza la Mazingira kumbukeni siku: rufaa ya leseni ina siku 60.

Hatua ya nne: barua ya kudai, na hesabu ya muda

Kabla ya kufungua kesi ya madai, mwandikie mwenzako barua. Haihitaji wakili. Taja nini kilitokea, lini, unadai nini, na unampa siku ngapi. Mfano:

"Kwa Bwana fulani. Mnamo mwezi wa Machi tulikubaliana nikuundie mashua kwa shilingi 300,000. Ulinipa 120,000 na mashua ukaipokea mwezi wa Juni. Zimebaki 180,000. Nakuomba unilipe ndani ya siku 14 tangu kupata barua hii. Usipolipa, nitakwenda mahakamani na nitadai pia gharama."

Mpelekee mbele ya shahidi, au itume kwa WhatsApp na uhifadhi picha ya ujumbe huo. Aliyefungua kesi bila kutoa notisi anaweza kushinda na bado akanyimwa gharama zake.

Wakati huo huo hesabu miaka. Mkataba una miaka 6. Kuumizwa au kuharibiwa mali ni miaka 3. Ajira ni miaka 3. Kudai ardhi ni miaka 12. Kama unaidai Serikali, muda ni mfupi zaidi: mwaka 1 kwa madhara, miaka 3 kwa mkataba. Mtu asiye na pesa huahirisha akisema akipata ataenda, na siku anayopata, muda umeshampita. Huu ndio wizi mkubwa umaskini unaomfanyia mtu katika mambo ya sheria, na hakuna hakimu anayeweza kumrudishia miaka hiyo kwa urahisi.

Hatua ya tano: ombi la kushtaki kama maskini

Hapa nitakaa kidogo, kwa kuwa ndiyo njia iliyoandikwa waziwazi na ndiyo inayotumiwa kwa uchache.

Agizo la 33 la Kanuni za Taratibu za Kesi za Madai za 2010 linamruhusu mtu asiye na uwezo wa kulipa ada ya kesi yake aifungue bila kulipa. Sikiliza kipimo chenyewe: si kwamba uwe huna kitu kabisa. Kinachoangaliwa ni kama una uwezo wa kutosha kulipa ada ya kesi hiyo. Kuwa na kibanda, mbuzi wawili au mtumbwi hakukutoi moja kwa moja.

Ombi lako liwe na mambo matatu. La kwanza ni maelezo yote ambayo yangekuwa kwenye hati ya madai ya kawaida: nani unamshtaki, alikufanyia nini, lini, na unaomba nini. La pili ni orodha ya mali yako yote, inayohamishika na isiyohamishika, pamoja na thamani ya kukadiria. La tatu ni sahihi yako na uthibitisho kwamba uliyosema ni kweli.

Orodha ya mali ndiyo inayoangusha watu. Wengine huona haya kuandika, wengine huficha. Andika kila kitu, hata kile unachodhani hakina maana. Iwe hivi:

"Mimi ni mvuvi, mkaazi wa Kizingitini. Nina mke na watoto watano. Mali yangu: nyumba ya makuti ya vyumba viwili, kadiri ya shilingi 150,000. Nusu ya mtumbwi tunaomiliki na ndugu yangu, kadiri ya 20,000. Nyavu, 12,000. Simu, 3,000. Sina gari, sina pikipiki, sina pesa benki. Kwenye M-Pesa nina 640. Sina ardhi ila hii ninayoidai. Wakati wa kaskazi napata kiasi cha kula na akiba ndogo. Wakati wa kusi bahari ikichafuka hupita majuma bila kupata kitu."

Ona kwamba hapa hakuna malalamiko. Ni hesabu tupu, na hesabu humshawishi hakimu kuliko machozi. Ambatanisha barua ya chifu au naibu wake inayokutambua na kueleza hali yako, nakala ya kitambulisho, taarifa ya M-Pesa ya miezi michache, na kama una mgonjwa nyumbani, karatasi za hospitali. Sheria haikulazimishi kuleta barua ya chifu, lakini inasaidia.

Ombi unalipeleka mwenyewe kwa mkono wako, isipokuwa kama sheria imekusamehe kufika. Hakimu anaweza kukuuliza maswali juu ya dai lako na mali yako. Jibu vile vile ulivyoandika. Kisha mahakama hupanga siku ya kusikiliza ushahidi wa umaskini wako, na mpinzani hupewa notisi ya siku zisizopungua 10. Naam, mpinzani anaruhusiwa kuja kusema kwamba wewe si maskini. Akija na picha ya pikipiki usiyoitaja, ombi limekwisha na heshima yako imeondoka nalo.

Mambo haya hulifanya ombi likataliwe: halikuandikwa inavyotakiwa, wewe si maskini, uliuza au kumpa mtu mali kwa hila ndani ya miezi miwili kabla ya kuomba, ili uonekane huna, maelezo yako hayaonyeshi dai lolote la kisheria, au umeshafanya mkataba na mtu mwingine ukampa fungu katika kile unachokidai.

Sababu hiyo ya mwisho isome tena. Katika kesi za ardhi, kuanzia Malindi mpaka huku kwetu, hutokea mtu mwenye pesa akamwambia mwenye shamba: "Mzee, mimi nitagharamia kesi, ukishinda unanikatia ekari mbili." Mzee anatia dole gumba. Tangu hapo hawezi tena kushtaki kama maskini, na hata kama alikwisha kupata ruhusa, inaweza kufutwa. Isitoshe, ameshauza sehemu ya haki yake kabla haijathibitishwa. Hata wakili haruhusiwi kufanya mapatano ya kulipwa tu kesi ikishinda, au kuchukua asilimia ya kile kitakachopatikana. Sheria ya Mawakili inayafanya mapatano hayo kuwa batili. Ukiletewa karatasi ya namna hiyo, usitie sahihi. Ombeni mawaidha kwanza kwa mtu asiye na faida ndani yake.

Ombi likikubaliwa, linapewa namba na kuwa ndiyo hati yako ya madai, na hutalipa ada za mahakama katika kesi hiyo. Ukishinda, mahakama hupiga hesabu ya ada ulizosamehewa na huzidai kwa aliyeshindwa, au hukatwa kwanza kwenye kile ulichoshinda. Ukishindwa, unaweza kuamriwa uzilipe wewe. Hali yako ikibadilika kesi ikiendelea, au ukianza kuisumbua mahakama kwa mambo ya upuuzi, ruhusa inaweza kuondolewa.

Ombi hili husamehe ada za mahakama tu. Halikupi wakili, na halikukingi na gharama za mpinzani. Tena mpinzani anaweza kuomba uweke dhamana ya gharama, yaani pesa za kumlipa gharama zake ukishindwa, kabla kesi haijasikilizwa. Ukipata ombi kama hilo usishtuke ukaiacha kesi: mahakama zimekuwa zikishikilia kwamba umaskini peke yake si sababu ya kumdai mtu dhamana. Lijibu kwa maandishi, ueleze nguvu ya dai lako.

Hatua ya sita: tafuta wa kukusaidia kuandika

Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2016 ilianzisha Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria. Inamhudumia mtu asiye na uwezo: raia, mtoto, mkimbizi, mwathiriwa wa biashara ya binadamu, aliyehamishwa makwao, na asiye na uraia. Inashughulikia jinai, madai, mambo ya watoto na ya kikatiba. Haishughulikii kodi, kudai madeni, kufilisika wala kashfa. Asiyejua kuandika aseme hivyo, ombi lake liandikwe na afisa.

Nje ya serikali, Kituo Cha Sheria, shirika la msaada wa kisheria, na FIDA, chama cha wanasheria wanawake, wana ofisi Mombasa. FIDA hujishughulisha zaidi na wanawake na watoto. Chama cha Mawakili cha Kenya nacho hutenga juma moja kila mwaka la kutoa ushauri bure katika mahakama mbalimbali. Uliza mahakamani tarehe yake. Katika vijiji wako wasaidizi wa kisheria wa jamii, na sheria hiyo ya 2016 inawatambua. Hao si mawakili na hawasimami kukutetea, lakini kuandika barua, kupanga ushahidi na kukuelekeza ofisi sahihi wanaweza, na mara nyingi hilo ndilo linalokosekana.

Kila kituo cha mahakama kina pia Kamati ya Watumiaji wa Mahakama, wanamokaa mahakimu, polisi, mawakili na wawakilishi wa wananchi. Kama shida yako ni ya wengi, mathalani boti za visiwani hufika Amu baada ya saa za kuitwa kesi, jambo hilo lipelekwe huko. Kesi yako binafsi usiipeleke. Na ukiombwa "chai" ili faili lako lionekane, usitoe. Andikia Ofisi ya Mchunguzi wa Malalamiko ya Idara ya Mahakama, utaje kituo, siku na jambo lenyewe.

Hatua ya saba: punguza nauli

Tangu Machi 2024 kesi hufunguliwa kwa mtandao nchi nzima. Kwa anayejua kutumia ni nafuu, kwa asiyejua ni gharama nyingine ya saiba. Kijana wa nyumbani akufungulie akaunti kwa jina lako na kwa namba yako ya simu. Usikubali akaunti iwe ya mwenye saiba, kwani taarifa za kesi zitamfikia yeye. Ada hulipwa kupitia mfumo wa serikali, haipewi mtu mkononi. Mwenye ombi la kusamehewa ada aende nalo mahakamani asaidiwe kuliingiza.

Samansi si lazima umlipe mtu aipeleke Pate kwa boti. Marekebisho ya kanuni ya mwaka 2020 yaliruhusu kumfikishia mtu hati kwa barua pepe na kwa programu za ujumbe za simu kama WhatsApp, kupitia namba anayotumia. Aliyeidhinishwa na mahakama kufikisha hati aitume, angoje alama ya kufika, apige picha, kisha ale kiapo cha kueleza alivyoifikisha.

Kutajwa kwa kesi, yaani siku za kupangiwa tarehe tu, omba kufanyike kwa njia ya video. Andika barua fupi mapema: unakaa Kiunga, nauli ni kiasi fulani, unaomba kusikika kwa simu. Siku ya kutoa ushahidi wenyewe, ukiweza, nenda. Hakimu akuone. Na usikose siku yako bila kutoa taarifa, kwani kesi iliyotupwa kwa sababu mwenyewe hakuwepo huhitaji ombi jingine kuifufua.

Hatua ya nane: baada ya hukumu

Ukishinda, omba nakala ya hukumu na amri mara moja, usingoje. Kushinda na kulipwa ni mambo mawili. Wavuvi wa Lamu walipata hukumu yao 2018, na malipo hayakuja siku ile. Mwandikie aliyeshindwa, mpe muda, mkubali malipo kidogo kidogo kama ndiyo atakayoweza, na muandikishiane mbele ya mahakama. Kukamata mali ya mtu kuna gharama zake, na mwenye kutangulia kuzitoa ni wewe.

Ukishindwa, una siku 30 za kukata rufaa kutoka kwa hakimu kwenda Mahakama Kuu. Kutoka Mahakama Kuu kwenda Mahakama ya Rufaa, notisi huwekwa ndani ya siku 14. Kutoka Mahakama ya Madai Madogo unakata rufaa kwa jambo la sheria tu, si kwa kubishania upya nani alisema kweli. Ruhusa ya umaskini uliyopewa kwenye kesi ya kwanza usiichukulie kuwa inakufuata kwenye rufaa. Kwenda Mahakama Kuu unaomba tena chini ya Agizo la 44, na orodha ya mali iandikwe upya, kwa hali uliyo nayo siku hiyo.